Nyoka Katika Maana za Maneno: Mazingatio ya Kihistoria Kutoka Changamwe, Mombasa

Utangulizi

Anayetoka kisiwani Mombasa kwa njia ya Makupa, akapanda kilima cha Changamwe na kuendelea upande wa bara, hufika mahali panapoitwa Airport. Neno hili la Kiingereza limekwisha kuwa jina la mtaa na la wadi, na wenyeji hulitamka pasipo kuona ugeni wowote ndani yake. Hapo ndipo ulipo uwanja wa ndege ulioanzishwa wakati wa Vita Vikuu vya Pili vya Dunia kwa jina la Port Reitz, ukapanuliwa kuwa uwanja wa kimataifa mwaka 1979, na baadaye ukajulikana kwa jina la Rais wa pili wa Kenya, Daniel arap Moi. Karibu na hapo imepita reli ya zamani iliyoanza kutandikwa mwaka 1896. Huko Miritini, jirani ya uwanja huo, ndiko kilikojengwa kituo cha reli mpya iliyofunguliwa mwaka 2017.

Basi katika eneo moja dogo vimekutana vyombo viwili vya usafiri vilivyogeuza maisha ya pwani na bara katika karne ya ishirini. Kimoja Waswahili walikiita kwa jina la mnyama, nacho ni ndege. Cha pili, yaani gari la moshi, kilitabiriwa na watu wa bara kwa sura ya nyoka. Lakini Mswahili wa Changamwe hasemi kwamba anakwenda kituoni kupanda nyoka. Mbona jina la ndege lilikubali kupewa chombo, na jina la nyoka likakataa?

Makala haya yanakusudia kulijibu swali hilo kwa kuyatazama baadhi ya maneno na misimu ya Kiswahili iliyotokana na nyoka. Tutajaribu kuonyesha kwamba katika Kiswahili maana za ziada zitokanazo na nyoka huelekea kwa binadamu na tabia zake, wala si kwa vitu. Na kwamba zinapomwelekea binadamu humpambanua kwa uangalifu mkubwa kuliko tunavyodhani leo.

Jina lenyewe

Nyoka ni neno la asili ya Kibantu, na ndugu zake wameenea mbali sana. Wakikuyu husema njoka, Wakamba nzoka, Washona nyoka, Wazulu inyoka. Katika Kiganda umbo lilo hilo, enjoka, limebaki na maana ya minyoo ya tumboni, na nyoka mwenyewe akapewa jina jingine, omusota. Wakikuyu nao hutumia njoka kwa nyoka wa porini na kwa wadudu wa tumboni pia. Tunajifunza hapa kwamba tangu zamani neno hili lilikuwa na njia ya kuingia ndani ya mwili wa binadamu.

Inafaa pia kuzingatia kwamba Kiswahili, ambacho kimeazima maneno mengi ya Kiarabu katika dini, sheria na biashara, hakikuliazima jina la jumla la nyoka. Kurani yenyewe, inapoisimulia fimbo ya Nabii Musa, hutumia neno hayya mahali pamoja na thu'ban mahali pengine. Hata hivyo msimulizi wa Kiswahili anapokifikia kisa hicho hutumia maneno yake mwenyewe: nyoka, na akitaka kuonyesha ukubwa na kutisha, joka. Ngeli zilimtosha kuyafanya yale ambayo Kiarabu kiliyafanya kwa maneno mawili.

Watu wengi hupenda kucheza na mfanano wa nyoka na kitenzi nyooka, wakasema kwa mzaha kwamba kiumbe asiyenyooka amepewa jina la unyoofu. Katika maandishi ya zamani kitenzi hicho kiliandikwa mara nyingi kwa o moja, njia imenyoka, na mzaha huo ukazidi kupata nguvu. Lakini vokali mbili zilizofuatana za kitenzi ni dalili ya konsonanti iliyodondoka kati yake, kama ilivyotokea katika maneno mengi ya Kiswahili, ilhali nomino haionyeshi dalili hiyo, wala ndugu zake wa Kibantu hawaionyeshi. Maneno haya mawili yamefanana sauti tu. Hayakuzaliwa na mama mmoja.

Ndumakuwili

Katika maneno yote yaliyotoka kwa nyoka na kumwendea binadamu, lenye historia ndefu zaidi huenda likawa ndumakuwili, au ndumilakuwili kama wengi wasemavyo leo. Maana yake inayojulikana na kila mtu ni mnafiki, mtu anayekula njama na pande mbili zinazogombana na kuzidhuru zote mbili. Maana yake ya kwanza, ambayo vijana wengi wa mjini hawaijui tena, ni nyoka anayedhaniwa kuwa na vichwa viwili, kimoja mbele na kimoja nyuma, awezaye kuuma kwa ncha zote mbili.

Imani hiyo haikuzuka hivi hivi. Katika Afrika ya Mashariki wapo nyoka waishio mchangani na udongoni ambao mkia wao ni butu na hauna tofauti kubwa na kichwa. Mkulima anayemfukua nyoka wa namna hiyo kwa jembe hajui mara moja ashike tahadhari upande gani. Hofu yenyewe ya ndumakuwili ndiyo hiyo: si ukali wa sumu, bali kutojua pa kujihadhari. Ndiyo maana neno liliwafaa sana watu wa aina fulani. Adui wa wazi ana mbele na nyuma. Ndumakuwili hana nyuma.

Umbo la neno linatupa ushahidi wa umri wake. Kitenzi cha Kiswahili cha leo ni uma. Lakini lugha nyingi za Kibantu zimehifadhi konsonanti mwanzoni mwa kitenzi hicho: Wagiriama, jirani wa Waswahili wa Mombasa, husema luma, Wasukuma vivyo hivyo, na Wakikuyu rũma. Kiswahili kiliidondosha l hiyo. Sasa, tunajua kwamba kiambishi cha ngeli ya tisa na ya kumi kikikutana na l huzaa nd, kama tuonavyo katika ulimi na ndimi. Na kikikutana na r huwa vivyo hivyo, kama katika -refu na ndefu. Kama neno lingeundwa kutokana na uma ya leo, tusingeitazamia nd mwanzoni mwake. Nduma inaeleweka tu tukichukulia kwamba chini yake kuna luma.

Katika ndumilakuwili dalili ni mbili. Kauli ya kutendea ya Kiswahili cha leo ni umia, lakini hapa tunaikuta l ya pili, lumila, kama ilivyo katika lugha zilizoihifadhi -ila ya zamani. Aidha kuwili, yaani pande mbili, ni upatanisho ambao msemaji wa leo hauundi kwa urahisi. Atasema pawili, au mahali pawili. Kwa hiyo katika neno moja tu tumepata mabaki matatu ya sarufi. Ama neno hili ni la zamani kuliko mabadiliko hayo ya sauti, ama lilipokelewa kutoka kwa majirani ambao mabadiliko hayo hayakuwafika. Kwa vyovyote vile, dhana ya binadamu anayeuma kuwili haikuletwa na siasa za mijini wala na shule.

Joka lisilouma

Kinyume cha ndumakuwili ni joka la kibisa. Joka ni nyoka mkubwa wa kutisha. Kibisa ni nyoka asiye na sumu. Maneno hayo mawili yakiwekwa pamoja huwa dhihaka kamili: umbo linatisha, meno hayana kitu. Msemo huu hutumiwa kwa mkubwa anayeamrisha bila kutiiwa, kwa chama kinachotisha wapinzani kwa maneno matupu, na kwa sheria isiyotekelezwa.

Upo tena msemo wa joka la mdimu, ambalo hulinda watundao. Nyoka huyu amejizungusha mtini, hali ndimu hazili, wala hapendi wenye kuzila wazichume. Anayesemwa hapa si mnafiki, wala si dhaifu. Ni bahili wa kitu kisichomfaa mwenyewe. Na ile methali ya aliyeumwa na nyoka kuona ung'ongo akashtuka haimsemi nyoka kabisa, bali humsema aliyeumwa na woga uliombakia.

Tukizikusanya semi hizi tunaona jambo moja. Nyoka hakuwa alama ya uovu mmoja. Palikuwa na nyoka wa unafiki, nyoka wa utisho mtupu, nyoka wa choyo, na nyoka wa kumbukumbu chungu. Kila mmoja alitokana na sehemu au tabia fulani ya mnyama mwenyewe: mkia, meno, kukaa mtini, umbo linalofanana na utepe wa ukindu.

Ndege alipopata reli, na nyoka akaikosa

Sasa turudi Changamwe. Mwaka 1938 Jomo Kenyatta, katika kitabu chake kuhusu maisha ya Wakikuyu, aliueleza utabiri wa Mugo wa Kibiru, aliyewaambia watu kwamba atakuja nyoka wa chuma mwenye miguu mingi kama jongoo, atemaye moto, atakayenyoosha mwili wake kutoka maji makuu ya mashariki hata maji makuu ya magharibi. Kwa Wanandi nako, Orkoiyot Kimnyole, aliyeuawa na watu wake mwenyewe mwaka 1890, anakumbukwa kwa utabiri wa nyoka atoaye moshi. Reli ilifika Nairobi mwaka 1899, na Kisumu mwaka 1901. Na mfano ule ukaonekana kuwa kweli.

Tuangalie, hata hivyo, kwamba maneno haya hayakusemwa kwa Kiswahili. Mugo alisema Kikuyu, Kimnyole Kinandi. Nyoka wa chuma ni tafsiri. Ilifaa katika lugha za watu waliolipokea jambo hili kwanza kwa habari, kutoka mbali, kabla ya kuliona. Aonaye kwa mbali huona mstari mrefu, moshi, na mwendo wa kujipindapinda. Hapo nyoka ndiye mfano ulio karibu kuliko wote.

Mtu wa Mombasa hakuipokea reli kwa njia hiyo. Mwaka 1890 Kampuni ya Kiingereza ya Afrika ya Mashariki ilijaribu kutandika reli nyembamba upande wa bara, ikaishia maili chache tu. Vyuma vyake baadaye vilitumiwa mjini kwa vigari vilivyosukumwa na watu, vikiwabeba maofisa na matajiri. Ndipo ikaja kazi kubwa ya mwaka 1896 na wafanyakazi kutoka Bara Hindi, ambao idadi yao hadi kazi kumalizika ilipita elfu thelathini. Watu wa pwani waliona mataruma yakishushwa kutoka merikebuni na reli ikikazwa kipande kwa kipande kupitia Changamwe. Chombo kilichopita juu yake hawakukiona kuwa muujiza. Kilikuwa gari, neno la Kihindi lililokuwa tayari vinywani mwao, na tofauti yake na magari mengine ilikuwa kwamba halikusukumwa na mtu bali lilitoa moshi. Wakaliita gari la moshi. Jina limetaja muundo na kazi, halikutaja mnyama.

Ndege ilikuja kwa njia nyingine. Ilikuja juu, imekamilika, haikujengwa mbele ya macho ya watu. Kilichoonekana ni mabawa na kuruka, na jina likapatikana papo hapo. Hata sarufi imeshuhudia kwamba mfano huo umekwisha kufa na kuwa jina kamili. Msemaji wa Kiswahili akisema ndege ametua, tunamfikiria kunguru au njiwa. Akisema ndege imetua, tunatazama upande wa uwanja. Upatanisho umewatenga wawili hao kabisa. Nyoka wa chuma hakupata kutengwa hivyo. Mpaka leo ni nyoka wa chuma, kwa wa ya viumbe hai, naye bado yumo katika hadithi. Reli mpya ilipofunguliwa mwaka 2017 hadithi ile ya utabiri ilisimuliwa tena, lakini hakuna abiria wa Miritini aliyeanza kuuliza nyoka inaondoka saa ngapi.

Sababu ya pili imo katika yale tuliyoyaona juu. Nafasi ya nyoka katika Kiswahili ilikuwa imekwisha kushikwa. Kumwita mtu au chombo nyoka ni kumhukumu tabia. Neno ndege halikuwa na mzigo huo, ingawa lilihusishwa na bahati njema na mbaya. Liliweza kupewa mashine bila kuitia mashine hiyo lawama.

Gamba

Mfano wa karibu zaidi unatoka Tanzania, nao unaonyesha msimu unavyozaliwa na kumgeukia aliyeuzaa. Mwaka 2011 uongozi wa Chama cha Mapinduzi, chini ya Rais Jakaya Kikwete, ulitumia usemi wa kujivua gamba, kwa maana ya chama kujitenga na viongozi waliotuhumiwa ufisadi. Mfano ulitoka kwa nyoka, ambaye huliacha gamba kuukuu na kutoka akiwa mpya.

Waliounda usemi huo walikusudia upya. Lakini wasikilizaji walijua kuhusu nyoka jambo ambalo wasemaji hawakulitaja: nyoka akijivua gamba hubaki nyoka yule yule. Haukupita muda, neno magamba likawa jina la dhihaka kwa wanachama wenyewe, na mwaka 2012 wapinzani wa Chadema wakahubiri kwa mwito wa vua gamba, vaa gwanda, wakiwataka watu watoke chama kimoja na kuvaa sare ya kingine.

Mwanasarufi atapendezwa na mwendo wa neno hili. Gamba ni kitu kisicho na uhai. Lakini likisimama mahali pa watu hupokea upatanisho wa watu, na msemaji husema magamba wamefika. Ni kinyume kabisa cha safari ya ndege. Ndege alikuwa kiumbe hai akaondolewa uhai alipopewa mashine. Gamba lilikuwa kitu kikavu kikatiwa uhai lilipopewa binadamu. Na hapa tena, kama katika ndumakuwili, kilichotokana na nyoka kimeishia kwa mtu.

Hitimisho

Katika misimu ya vijana wa miji ya Kenya leo, Mombasa ikiwamo, nyoka ni msaliti, basi. Rafiki aliyetoa siri ni nyoka. Aliyenyang'anya mchumba ni nyoka. Mwanasiasa aliyehama chama ni nyoka. Matumizi haya yameshikana na Kiingereza cha mitandao na muziki wa nje, ambamo nyoka hana maana nyingine. Hatuyasemi haya kwa kuwalaumu vijana, kwani misimu ni haki ya kila kizazi. Tunasema tu kwamba neno moja limekuja kukalia viti vinne. Yule aliyekuwa ndumakuwili, yule aliyekuwa joka la kibisa na yule aliyelinda ndimu asizozila, wote sasa wanaitwa nyoka, na asikiaye hajui tena ajihadhari na jambo gani.

Hasara hii ina upande mwingine usio wa mzaha. Upambanuzi wa misemo ulitegemea upambanuzi wa wanyama. Aliyesema kibisa alijua ni nyoka gani hana sumu. Katika Changamwe, ambako minazi na vichaka vimepisha maghala, nyumba za kupanga, na kiwanda cha kusafisha mafuta kilichofanya kazi tangu 1963 hadi 2013, kijana hakui tena akiyasikia majina moma, bafe, kifutu, swila, fira na koboko kama majina ya viumbe mbalimbali. Naye akilifungua kamusi, aghalabu hukuta maelezo mafupi: aina ya nyoka mwenye sumu. Lakini sumu ya moma huozesha nyama, na sumu ya koboko huzuia pumzi. Matibabu yake hayafanani. Mwaka 2017 Shirika la Afya Duniani liliingiza madhara ya kuumwa na nyoka katika orodha ya maradhi ya kitropiki yaliyopuuzwa. Mgonjwa afikaye hospitali na kuulizwa ni nyoka gani, akajibu nyoka tu, amepungukiwa na msamiati, na upungufu huo unaweza kumgharimu mguu au roho.

Kwa hiyo kazi iliyo mbele ya wanaleksikografia wetu ni mbili, nazo hazitengani. Kwanza, majina ya nyoka wa pwani yakusanywe pamoja na maumbo yao, makao yao na tofauti za matumizi kutoka Mvita hadi Kisauni, Likoni na Changamwe, ili bafe wa mahali pamoja asichanganywe na moma wa mahali pengine. Pili, misemo itokanayo nao iandikwe pamoja na mnyama aliyeizaa, kwa maana ndumakuwili asiyejulikana kuwa nyoka ni tusi tu, lakini anayejulikana kuwa nyoka ni maarifa. Wazee waliolibuni neno hilo walikuwa wamechutama shambani, jembe mkononi, wakiutazama mwili usio na mbele wala nyuma. Ni wajibu wetu kuhakikisha kwamba mjukuu wao, akilisikia neno hilo kwenye kituo cha matatu pale Airport, bado ataweza kukiona walichokiona.